Malewa, resto na Leta: nani analipa nini, na takse gani ni ya kweli

Tangu DGI, biro kubwa ya kodi ya Kinshasa, ianze kusukuma ile fakitire normalize yenye alama ya QR, mazungumzo hapa Lubumbashi yamechanganyika kabisa. Mmoja anasema ni takse mpya juu ya chakula, mwingine anasema sasa hata mama wa malewa wa Katuba atatoza 16% ya TVA (kodi inayowekwa juu ya bei) juu ya bukari (ugali), mwingine tena anaapa kwamba hiyo 16% mwenye resto njo anaikula, na katikati ya kelele zote hizo ma-ajenti wanapita na karatasi zao, kila mmoja anasema ametumwa na Leta, yaani serikali. Watu wanalipa bila kujua wanalipa nini, na wengine wamechoka mpaka wanakataa hata kile cha haki. Tuichambue hii mambo polepole kuanzia chini, juu kazi ya kuuza chakula haiko kazi ndogo katika mji huu, na sheria zake haziko ngumu vile zinavyoonekana, ila hakuna anayekaa chini kuzieleza kwa lugha yetu.

Kwanza tuelewane kwa maneno. Mtu akisema resto anawaza fasi yenye meza, menu, serveri na bili inayokuja juu ya sahani ndogo. Akisema malewa anawaza mama mwenye mbabula (jiko la makaa), benchi mbili na sufuria ya sombe (majani ya muhogo) pembeni ya soko. Akisema nganda anawaza bia na michopo. Leta haihesabu hivyo, Leta inaangalia kwanza mauzo ya mwaka, maana yake pesa yote inayoingia mkononi kabla hujatoa ya unga, ya makala (makaa), ya mshahara. Mauzo si faida, na hapo njo wengi wanateleza. Mama anaweza kuuza kwa franga 100,000 kwa siku na jioni akabaki na 15,000 za kwake, lakini mbele ya sheria mauzo yake ni 100,000.

Halafu kuna hii pesa ambayo sisi wote tunaitupia jina moja, "takse". Ndani yake mna vitu tofauti kabisa. Kuna kodi, ile unayotoa kwa Leta bila kupewa kitu mkononi, inaingia katika sanduku la wote, inatengeneza barabara ao inalipa mwalimu (ao haitengenezi, hiyo ni kesi nyingine, lakini kisheria njo kazi yake). Kuna takse yenyewe, ile unayolipa juu umepewa kitu fulani: ruhusa ya kufungua, fasi sokoni, kontroli ya usafi. Kuna mchango wa CNSS, mfuko wa pensheni na ajali za kazi, huo ni wa wafanyakazi wako. Na kuna matabishi, pesa unayompa mtu mwenye kashe (muhuri) ili aondoke mlangoni. Ya mwisho hii haiko kodi wala takse, haifiki kwa Leta hata siku moja, lakini ukimuuliza mama wa malewa amelipa takse ngapi mwezi huu, ataihesabu pamoja na zingine, na ana haki ya kuihesabu, juu imetoka katika pesa ya unga wake.

Mposho ulipoisha

Ili kuelewa kwa nini chakula cha kuuza kina uzito hivi katika mji wetu, lazima turudi nyuma kidogo. Lubumbashi ilizaliwa mwaka 1910 juu ya shaba. Miaka mingi mfanyakazi wa kampuni ya shaba, Union Minière na kisha Gécamines, alikuwa anapewa mposho: unga, samaki, mafuta, maharagi. Familia zilikula kutoka kwa kampuni. Gécamines ilipoanguka miaka ya 1990 ule mposho ulikatika, na mwaka 2003 ikaja ile programu ya départs volontaires (kuacha kazi kwa hiari) ambapo zaidi ya wafanyakazi 10,000 waliondoka na pesa ya kuagwa. Pesa ile haikudumu katika nyumba nyingi. Nani alishikilia nyumba? Wamama. Waliuza unga, waliuza makala, walipika chakula mbele ya parseli (kiwanja cha nyumba). Kwa hiyo malewa mengi ya Kenya, Kamalondo, Katuba na Ruashi, komini za mji wetu, yalizaliwa pale mshahara wa baba uliposimama, na mimi naona ni vibaya sana kuyaita uchafu wa mji.

Angalia sasa vile sahani moja inavyosafiri. Bukari ni mahindi, na mahindi yetu mengi, ao unga wenyewe, unatoka Zambia kupitia mpaka wa Kasumbalesa. Samaki mbichi na mkavu anapanda kutoka Kasenga na Luapula, samaki thomson anakuja amegandishwa kutoka mbali. Sombe na lenga-lenga ni za wamama wa mashamba ya pembeni ya mji. Makala inatoka porini, katika miombo. Maji yananunuliwa kwa bidoni pale REGIDESO, kampuni ya maji, haifiki. Kijana wa kubeba, kijana wa kuosha sahani, dada wa kuserve, mwenye kukodisha viti, mwenye pikipiki ya kupeleka chakula kwa biro, wote wanakula juu ya sufuria ile moja. Lori la shaba likitoka hapa linapita Kasumbalesa na sehemu kubwa ya thamani yake inaenda nalo. Franga 5,000 ya sahani ya bukari, yenyewe, inazunguka hapahapa: asubuhi iko kwa mama, saa sita iko kwa muuza samaki, jioni iko katika likilimba (mchango wa kupeana zamu), kesho inalipa minerval (pesa ya shule) ya mtoto. Njo maana nasema resto na malewa ni uchumi kamili, hata kama wachumi hawapendi kukaa juu ya benchi ile.

Na mpaka ukitikisika, sahani inatikisika. Mwezi wa nane 2024 Zambia ilifunga mipaka ya Kasumbalesa, Mokambo na Sakania kwa siku chache, juu ya ugomvi uliotokana na Kongo kukataza bia na soda kutoka nje. Mwaka huohuo ukame ulikuwa umeharibu mahindi ya Zambia. Ukitaka kujua unga umepanda, usiangalie bei iliyoandikwa kwa kibao cha malewa, bei ile inaweza kubaki vilevile miezi mingi, angalia mkono wa mama anapokata bukari na mwiko: ile tonge inapungua kidogo, samaki aliyekuwa anakatwa vipande viwili anakatwa vitatu, na mchuzi unaongezwa ili sahani isionekane tupu. Mama anafanya hivi juu anajua mteja wake, fundi wa garaji ao mbeba mizigo, hana 500 ya kuongeza.

Leta iko tatu

Hapa njo fujo kubwa inapoanzia. Tunasema "Leta" kama vile ni mtu mmoja, na kumbe mwenye resto anaongea na Leta tatu. Ya kwanza ni ya Kinshasa: DGI kwa kodi kama TVA na kodi juu ya faida, DGDA kwa forodha na ile kodi ya bia inayolipwa hata kabla chupa haijafika kwako, DGRAD kwa malipo mengine ya huduma za serikali kuu. Ya pili ni jimbo, kwetu Haut-Katanga, lililozaliwa 2015 Katanga ilipogawanywa mara nne, na sanduku lake linashikwa na DRHKAT. Ya tatu ni mji na komini, hao wa takse ya soko ya kila siku na wa patanti, ile karatasi ya ruhusa ya biashara ndogo. Juu ya hizo tatu ongeza huduma zinazokuja kukagua: utalii, usafi, OCC (wakaguzi wa bidhaa), mazingira, uchumi, wazima-moto. Kuna pia Mfuko wa kukuza utalii, FPT, ambao nao unachukua sehemu kwa hoteli na resto, na SOCODA, iliyochukua fasi ya SONECA mwaka 2011, inayodai haki za wanamuziki kila fasi muziki unapopigwa kwa ajili ya wateja. Watu wanacheka wakisikia nganda inalipa juu ya kupiga muziki, lakini hiyo haiko uongo. Mtunzi wa wimbo ana haki yake, na muziki ule njo unaokuletea wateja.

Sasa ukijumlisha wote hao, mwenye resto mmoja wa katikati ya mji anaweza kupokea wageni wa Leta kumi kwa mwezi, na kila mmoja anasema wake njo wa haraka. Lakini kuna mlango mmoja ambao sheria ilifunga vizuri, na ningependa kila mwenye mbabula aujue kwa moyo. Katiba ya 2006, artikle 174, inasema hakuna kodi inayoweza kuwekwa isipokuwa kwa sheria. Si kwa barua ya sefu wa biro, si kwa mdomo. Na kwa takse, mwezi wa tatu 2018 zilitoka ordonnance-loi (amri za Rais zenye nguvu ya sheria) mbili, nambari 18/003 kwa serikali kuu na 18/004 kwa majimbo, miji na komini, zenye orodha ya kila kinachoweza kudaiwa na nani anayekidai. Kitu kisichokuwa katika orodha hakidaiwi. Kilichomo katika orodha ya komini hakidaiwi na jimbo. Ni rahisi hivyo kwa karatasi, na najua kwa barabara si rahisi hivyo, lakini mtu anayeijua orodha anaongea na ajenti kwa sauti nyingine kabisa.

Ile TVA inayotuchanganya

Turudi kwa 16%. TVA ilianza hapa Kongo tarehe 1 Januari 2012, ikachukua fasi ya ile kodi ya zamani ya mauzo, ICA. Kwa hiyo haiko mpya, na fakitire normalize nayo haiko takse mpya. Ile fakitire ni njia tu ya DGI kuona mauzo yakipita: mashine ao programu inaandikisha kila bili, inaweka nambari na ile alama ya QR, na DGI inajua resto fulani leo imekusanya TVA kiasi gani. Zamani resto iliweza kukutoza 16% kwa bili nzuri ya kompyuta, kisha mwisho wa mwezi ikatangaza nusu ya mauzo. Pesa ulitoa wewe, na Leta haikuiona. Njo shimo wanalotaka kuziba.

Kwa kuelewa TVA, fikiria reseveri wa basi la Kenya ao la Ruashi. Anakusanya pesa mlangoni, anaishika mkononi, unaona noti zimejaa katikati ya vidole vyake, lakini jioni anazipeleka kwa mwenye gari. Mwenye resto aliyeandikishwa kwa TVA yuko katika hali hiyo juu ya ile 16%. Mlipaji ni mteja. Resto ni mkusanyaji.

Tuweke hesabu. Tuseme sahani ya kuku na wali ni franga 20,000 bila kodi. TVA yake ni 3,200, wewe unalipa 23,200. Lakini resto nayo iliponunua soda, mafuta na vitu vingine kwa wauzaji walioandikishwa ililipa TVA, tuseme 1,200, na iko na fakitire za kuonyesha. Basi kwa DGI itapeleka 3,200 kutoa 1,200, yaani 2,000. Zile 1,200 zilishapelekwa na waliomuuzia. Mwishowe Leta inapata 3,200 kamili, ila kwa vipande, kila mmoja njiani akileta chake. Na ndiyo sababu fakitire ni pesa: mwenye resto anayenunua kila kitu sokoni bila karatasi hana cha kutoa, atapeleka 3,200 zote peke yake. Hii inaumiza resto za katikati zaidi kuliko wengine, juu samaki na mboga zinatoka kwa wamama wasiokuwa na fakitire, na sioni namna mama wa Kasenga atakavyotoa alama ya QR juu ya kilo tatu za samaki mkavu. Waliotunga sheria hawakumfikiria, na wangepaswa kumfikiria.

Na sisi wateja tuangalie bili. Menu ikisema bei ni TTC, kodi imo tayari ndani: ukiona 20,000 TTC, ndani yake chakula ni kama 17,241 na TVA ni kama 2,759. Hakuna mtu anayeruhusiwa kukuongezea 16% juu ya bei ile. Ikisema HT, kodi inaongezwa chini. Resto isiyoandikishwa kwa TVA haina haki ya kukutoza TVA hata franga moja, na kama inaitoza, hiyo pesa haina pa kwenda isipokuwa mfukoni.

Je, mama wa malewa? Sheria ya TVA iliweka mpaka: mauzo ya mwaka kuanzia milioni 80. Chini ya hapo hauko ndani ya TVA. Milioni 80 kwa mwaka ni kama 219,000 kwa siku bila kupumzika hata Siku ya Mungu. Malewa nyingi haziko huko, kwa hiyo ile hofu ya 16% juu ya bukari ya pembeni ya soko haina msingi. Lakini kusema eti "malewa hailipi kitu kwa Leta" nako ni uongo wa upande mwingine. Soda anayouza mama imelipiwa TVA kiwandani na yeye hana namna ya kuirudisha. Bia ndiyo zaidi, ina kodi juu ya kodi. Kila asubuhi anatoa ya soko, anapewa kale kakaratasi kadogo ka rangi, kila mwaka anatoa patanti. Ukihesabu kwa faida yake ndogo, mama yule anaweza kuwa anatoa sehemu kubwa kuliko resto yenye klimatizeri na mhasibu.

Kwa kodi juu ya faida, wadogo waliwekewa utaratibu wao na ordonnance-loi ya tarehe 23 Februari 2013. Iliamua hivi: mwenye mauzo yasiyopita milioni 10 kwa mwaka alipe 50,000 kwa mwaka, basi. Kati ya milioni 10 na 80, asilimia 1 ya mauzo kwa mwenye kuuza bidhaa na asilimia 2 kwa mwenye kutoa huduma. Wazo lilikuwa zuri, halihitaji vitabu vya mhasibu. Viwango vinaweza kuguswa na sheria ya bajeti ya kila mwaka, kwa hiyo ukienda kulipa uombe wakuonyeshe cha mwaka ule kwa maandishi.

Lakini kuna kitu hapa kinachonikera sana. Mwaka 2013 dola moja ilikuwa karibu franga 920. Milioni 10 ilikuwa karibu dola 10,900. Mwaka 2024 dola ilivuka 2,800, na milioni 10 ileile ikawa karibu dola 3,500. Angalia maana yake: mama hajakua, mbabula ni ileile, benchi ni zilezile, ila unga umepanda kwa franga, bei ya sahani ikafuata, mauzo ya karatasi yakanenepa, na mama akajikuta amevuka mpaka wa wadogo bila kupiga hatua hata moja. Kutoka 50,000 kwa mwaka anaweza kuruka mpaka laki kadhaa. Mpaka uliowekwa kwa franga na kuachwa miaka mingi unamsukuma mdogo kidogokidogo mpaka ndani ya kodi ya wakubwa. Wabunge wetu wanajua hesabu hii vizuri, juu mishahara yao wenyewe wanaipima kwa dola.

Karatasi ya kuanzia

Wengi wanauliza: nianzie wapi nikitaka kufungua fasi ya chakula? Mdogo kabisa anaenda komini kwa patanti. Hiyo ni ya Mkongomani peke yake, juu biashara ndogo imewekewa wenyeji tangu sheria ya 1973. Mkubwa anaenda Guichet Unique, anapata nambari ya RCCM (rejista ya biashara) na ya kodi kwa dirisha moja. Katikati yao kuna mlango ambao watu wachache wanaujua: tangu Kongo iingie OHADA, umoja wa nchi za Afrika zenye sheria moja ya biashara, mwezi wa tisa 2012, mtu mmoja mwenye kazi ndogo anaweza kujitangaza kuwa "entreprenant", anatoa tangazo tu badala ya kuandikishwa kama mfanyabiashara kamili. Inamsaidia kufungua konti ya benki kwa jina la kazi yake na kuomba mkopo akiwa na karatasi mkononi.

Na wamama, tafadhali, mtu asiwaambie leteni ruhusa ya bwana. Sheria ya familia (Code de la famille) ya 1987 ilikuwa inamdai mwanamke mwenye ndoa ruhusa ya mume kwa mambo kama haya. Sheria ya tarehe 15 Julai 2016 iliondoa hiyo. Nasikia bado kuna madirisha yanayouliza. Wanauliza kwa mazoea, sheria haiko upande wao.

Resto ya kukaa, yenye serveri na menu, inaongeza ruhusa ya utalii. Kama hoteli zinavyopewa nyota, resto zinapewa uma kulingana na kiwango chake. Ikiuza pombe, kuna karatasi yake. Ikiwa na wafanyakazi, kuna SMIG, mshahara wa chini kabisa: ilikuwa franga 7,075 kwa siku tangu 2018, ikapandishwa mara mbili na zaidi mwaka 2025. Na CNSS ni asilimia 18 ya mshahara, 13 za patron na 5 za mfanyakazi, yaani juu ya 300,000 patron anatoa 39,000 na kijana anakatwa 15,000. Hapa niseme wazi: patron wengi wa resto za mji huu wanalia juu ya takse za Leta na wakati huohuo serveri wao hana kontra, anaishi kwa matabishi ya wateja, akiungua na mafuta jikoni anarudishwa nyumbani na 20,000. Mchango wa CNSS una sehemu ya ajali za kazi. Ukiukwepa umemnyang'anya kijana wako, hukumshinda Leta.

Kontroli ya usafi si adui

Juu ya hili naomba tubadilishe mawazo. Watu wanaweka kontroli ya usafi katika kapu moja na usumbufu mwingine wote, na naelewa kwa nini, juu mara nyingi ajenti anafika, hachunguzi kitu, anaandika karatasi, anataka pesa. Lakini kazi yenyewe ni ya lazima. Lubumbashi tunaijua kolera. Masika ya mwanzo wa 2013 ilijaza wagonjwa hapa, na haikuwa mara ya kwanza wala ya mwisho. Kolera inapita katika maji na mikono. Fasi ya chakula inayolisha watu wengi kwa siku na beseni moja ya kuoshea sahani, maji yaleyale kutoka saa nne mpaka saa tisa, ni hatari kweli.

Kontroli ya kweli inaangalia vitu vichache: maji yametoka wapi, mikono inanawiwa fasi gani na kwa sabuni, choo kiko umbali gani na jiko, chakula kilichobaki jana kimefunikwa ao kimerudishwa leo kwa sufuria, na wapishi wamepimwa afya ao hapana. Hakuna hata kimoja hapo kinachohitaji marmari. Ndoo yenye robine na sabuni ya kipande inatosha kwa malewa. Kinachokosekana ni upande wa Leta: soko linatoza wamama kila asubuhi na halina robine moja inayotoka maji. Takse ni malipo ya huduma, nilisema juu kule. Basi huduma iko wapi? Hili njo swali ambalo wamama wa soko wangepaswa kulipeleka komini kwa pamoja, na nambari za vile vikaratasi vya rangi mkononi, badala ya kila mmoja kubishana peke yake na kijana anayepita kukusanya.

Kuna na ile ya sashe. Dekre ya tarehe 30 Desemba 2017 ilikataza kutengeneza na kuuza mifuko ya plastiki, na hata leo bukari ya kupeleka nyumbani inafungwa moto ndani ya sashe. Hapo kuna afya na kuna mifereji inayoziba mvua ikianza.

Bei nayo watu wanachanganya. Leta haipangi bei ya sahani. Sheria ya tarehe 9 Julai 2018 juu ya bei na ushindani imeziacha bei huru, isipokuwa vitu kama maji, umeme, mafuta ya gari na usafiri wa watu wote. Kinachodaiwa kwa resto ni kuandika bei mahali mteja anaiona kabla hajakaa. Kwa hiyo wa uchumi akija kusema "sahani yako iko bei ya juu, lipa amande (faini)", hana mguu wa kusimamia. Akisema "menu yako haina bei", yuko na haki.

Ajenti akifika

Sasa tuseme saa tano asubuhi sufuria ziko motoni na wanaume wawili wenye beji wamesimama mlangoni. Omba ordere ya misioni, ile barua ya kuwatuma kazini. Iwe na majina yao, huduma yao, tarehe, na fasi wanayotumwa. Beji peke yake haitoshi, beji inachapishwa hata kwa duka la fotokopi. Uliza ni takse gani na iko katika orodha ya nani, Kinshasa, jimbo ao komini. Wanaokagua hawapaswi kuwa wanaopokea pesa: huduma inaona na kuandika, kisha unapewa noti ya malipo, na unaenda kulipa benki ao kwa dirisha la mapato linalojulikana. Takse ya soko ya kila siku peke yake njo inalipwa pale kwa mkono, na lazima upewe kakaratasi kenye nambari. Mtu anayekuambia "nipe mimi nitakupelekea" anakuomba matabishi kwa jina lingine.

Weka karatasi zote kwa fasi moja. Nimeona resto moja ya Kamalondo imezibandika ukutani nyuma ya kontwari, chini ya plastiki: patanti, risiti za jimbo, ya SOCODA, ya usafi, kila moja na tarehe iliyozungushiwa biki nyekundu. Ajenti anaingia, anasoma ukuta, na mara nyingi anaagiza soda. Tena anailipa.

Na ukipewa noti ambayo unaona imezidi, usitupe na usikimbie. Una haki ya kuandika barua ya malalamiko kwa huduma iliyoitoa, unaweka nakala, unaomba kashe ya kupokelewa juu ya nakala yako. Siku zinahesabiwa kuanzia tarehe ulipopokea noti, kwa hiyo iandike tarehe hiyo hapohapo mbele yao, kwa biki, kabla hawajatoka.